Saa janja isiyovunja baraza

Simama safu za nyuma katika msikiti wowote wa Unguja mjini usiku wa tarawehe, kisha tazama mbele imamu anapotoa takbira. Mikono inapanda na kushuka, na hapa na pale kwenye safu skrini ndogo zinawaka. Hakuna aliyezigusa. Ndani ya saa janja kuna vihisi viwili, kimoja cha kupima mwendo wa mkono na kingine cha kupima mgeuko wake. Mkono ukipanda ghafla, saa hudhani mwenyewe anataka kuitazama, basi inajiwasha. Ikiwa kuna ujumbe ulioingia dakika ile, wa kwanza kuusoma ni jirani wa bega kwa bega, ambaye hakuutaka wala hakupaswa kuuona.

Vijana wetu wanaotengeneza programu za simu wameanza kuziingia saa na bangili za mazoezi, na ni jambo la kuwatia moyo. Ila kuna swali ambalo miongozo mingi ya usanifu hulipita mbio. Msanifu hujiuliza kama mvaaji atakereka. Wale aliokaa nao hawaulizii. Saa huvaliwa na mtu mmoja, lakini inapowaka, kutetema au kulia, inaingia katika shughuli ya wote waliopo. Visiwani, ambako mambo mengi hufanywa kwa kukaa pamoja, kwenye baraza, kwenye sinia, kwenye safu, kwenye boti ya Pemba, swali hilo la pili ndilo lenye uzito. Makala hii inajaribu kulifungua.

Fikra yenyewe ina wazee wake. Mark Weiser, aliyekuwa mtafiti mkuu katika maabara ya Xerox PARC huko California, aliandika mwaka 1991 kwamba teknolojia iliyokomaa ni ile inayojificha ndani ya maisha ya kila siku hata watu wasiitambue tena. Mwaka 1995, yeye na mwenzake John Seely Brown wakaja na wazo la teknolojia tulivu, yaani ile inayokaa pembeni ya fikra za mtu na kuja mbele pale tu inapohitajika. Mfano wao mzuri ulikuwa kazi ya msanii Natalie Jeremijenko: kamba ya plastiki ya futi nane iliyoning'inizwa darini, ikafungwa kwenye mota ndogo. Data zikipita kwenye mtandao wa ofisi, kamba ilitikisika kidogo. Mtandao ukiwa na pilika nyingi, ilizunguka kwa kasi na kuvuma. Aliyetaka kujua hali ya mtandao alijua. Asiyetaka aliendelea na kazi yake.

Miaka karibu ishirini baadaye ikaja miwani ya Google Glass. Ilianza kuuzwa kwa watu wachache mwaka 2013, na Januari 2015 uuzaji huo ukasitishwa. Zilikuwapo sababu kadhaa, lakini mojawapo ilikuwa kamera iliyokaa usoni. Aliyekuwa akizungumza na mvaaji hakuwa na njia ya kujua kama anarekodiwa. Mvaaji aliridhika, waliomzunguka hawakuridhika, na bidhaa ikabeba sifa mbaya kwa sababu ya watu ambao hawakuinunua. Somo hilo linafaa kwa kila kifaa cha kuvaa, hata kile kisicho na kamera.

Sasa tuje mkononi. Ngozi ya binadamu husikia vizuri zaidi mitetemo ya kati ya mizunguko 200 na 300 kwa sekunde, na watengenezaji wa saa wanalijua hilo. Kuna mota za aina mbili. Ile ya bei nafuu ina kipande cha chuma kilichokaa upande, kinachozunguka na kuitikisa saa nzima. Ukiiweka mezani utaisikia inanguruma. Ile nyingine ina uzito unaokwenda mbele na nyuma juu ya springi, na hutoa mguso mfupi kama wa kidole. Anayetengeneza programu hachagui mota, lakini anachagua urefu na marudio ya mtetemo, na hapo ndipo adabu inapoanzia. Mtu anayekimbia au kubeba ndoo husikia mtetemo kwa shida, kwa sababu mwili wenye mwendo hupunguza hisia za ngozi. Aliyekaa kimya akisikiliza mawaidha huusikia kama kishindo. Mtetemo uliopimwa kwa mkimbiaji hauwezi kuwa mtetemo wa kila mahali.

Arifa njema huja kama mgeni anayejua kupiga hodi: anabisha, anangoja, anabisha tena, na mara ya tatu asipojibiwa anarudi kwao bila kinyongo. Saa nyingi hazijafundishwa hivyo. Zikishaunganishwa na simu tu, sehemu kubwa ya kinacholia kwenye simu hurudiwa mkononi, liwe tangazo la punguzo la bei au habari ya msiba. Chanzo cha kero kubwa kipo hapo, katika mipangilio ambayo mtu hakuichagua, na wengi hawajui kama inabadilishwa.

Mifumo yenyewe imeshatoa zana za kutosha. Android ya 8, mwaka 2017, iliruhusu arifa za programu moja zigawanywe katika mafungu, ili mtu azime fungu la matangazo na kubakisha fungu la ujumbe. Android ya 13, mwaka 2022, ikalazimisha programu mpya kuomba ruhusa kwanza kabla ya kutuma arifa yoyote. Upande wa Apple, iOS 15 ya mwaka 2021 ilileta ngazi nne: arifa inayokaa kimya ikisubiri kusomwa, arifa ya kawaida, arifa inayohusu wakati huo huo, na arifa ya dharura inayoweza kulia hata simu ikiwa imenyamazishwa. Hiyo ya mwisho haitumiwi bila kibali maalumu cha Apple.

Zana zipo, basi kilichobaki ni uamuzi wa msanifu, na mimi ningemshauri aanze na swali moja: mtu akilijua jambo hili baada ya saa nzima, kuna kitakachoharibika? Boti ya Pemba ikibadilisha wakati wa kuondoka, abiria aliyeko njiani kwenda bandarini Malindi anahitaji kujua sasa hivi. Hapo mkono uguswe. Pesa ikiingia kwenye simu, inaweza kukaa kimya mpaka mwenyewe atazame. Bei ya vocha ikishuka, mkononi haina kazi kabisa. Nimeona programu zinazopachika ngazi ya wakati huo huo kwenye kila kitu kwa kuogopa kusahauliwa. Mtu akichoka huzima arifa zote, na siku boti inapobadilishwa hatapata habari.

Maneno ya kwenye skrini nayo ni sehemu ya adabu. Saa ikiandika "Majibu ya kipimo chako yako tayari" mbele ya watu wanne, imeshasema mengi. Hata jina la kliniki peke yake linatosha kumfanya jirani aulize. Mkono ubebe "Una ujumbe mpya", na yaliyomo yatoke pale mwenyewe atakapogusa. Mipangilio ya namna hiyo ipo kwenye saa nyingi, lakini programu ya afya isingoje mtu aitafute. Iwe hivyo tangu siku ya kwanza.

Kuna mfano mmoja ambao naupenda kwa sababu unaonyesha jinsi nia njema inavyoweza kukosea mahali. Apple Watch humkumbusha mvaaji kusimama iwapo amekaa dakika 50 za mwanzo wa saa bila kuinuka. Maana yake kikumbusho huja dakika kumi kabla ya saa kutimia. Ijumaa, aliyewahi msikitini kabla ya saa sita mchana na kukaa, atatetemeshwa saa saba kasoro dakika kumi, khatibu akiwa katikati ya khutba. Mafundisho tunayoyajua wote yanasema kwamba wakati wa khutba hata kumwambia mwenzako "nyamaza" ni upuuzi. Na saa inamwambia asimame! Aliyetunga kikumbusho kile alimfikiria mfanyakazi wa ofisini aliyekaa kwenye kiti tangu asubuhi, akamfikiria vizuri. Hakumfikiria huyu.

Wazo la haraka linalomjia kila mtengeneza programu ni kuiachia saa ijinyamazishe yenyewe kwa kutumia GPS: ukiingia msikitini inanyamaza, ukitoka inarudi. Linapendeza kwenye karatasi. Mji Mkongwe, hata hivyo, una misikiti mingi iliyokaribiana, na vichochoro vyake vimebanwa na kuta ndefu za mawe. Mawimbi ya setilaiti hudunda kwenye kuta hizo kabla ya kufika, na saa hujikuta inakisia mahali kwa makosa ya mita nyingi. Muuza kahawa aliyekaa nje ya msikiti atanyamazishiwa simu za wateja, na anayesali ndani ataliliwa. Juu ya hayo, GPS inayofanya kazi mfululizo humaliza betri ndogo ya saa, na programu inabaki na daftari la mahali pote mtu alipopita. Nyakati za sala zinahesabika kutokana na jua, na hapa kwetu, karibu nyuzi sita kusini ya ikweta, hazibadiliki sana mwaka mzima. Ratiba ya nyakati hizo pamoja na mguso mmoja wa mwenye saa vinatosha. Tangu mwaka 2017 Apple Watch ina hali iliyokusudiwa kumbi za sinema, ambayo hunyamazisha sauti na kuzuia skrini isiwake mkono unapoinuliwa. Ikiwashwa kabla ya takbira ya kwanza, inamaliza tatizo la tarawehe bila setilaiti yoyote.

Jambo la mikono linastahili kukaliwa. Wengi huvaa saa mkono wa kushoto, kwa hiyo wa kuigusa ni mkono wa kulia. Na mkono wa kulia ndio wa kulia chakula. Watu watano wamelizunguka sinia la pilau, saa ya mmoja inatetemeka na kudai igusiwe kitufe cha "sawa". Afanye nini? Aiguse kwa vidole vyenye mafuta, au ainuke akanawe? Arifa ya mkononi isidai jibu. Ije, ikae sekunde chache, iondoke yenyewe, na ipatikane baadaye kwa anayeitaka. Baadhi ya saa huzima skrini na sauti ukizifunika kwa kiganja. Kwa mlaji hata hilo halifai, bora angeweza kuibonyeza kwa mgongo wa mkono au kuizima kwa kugeuza kifundo.

Wanawake wanaolima mwani Paje, Jambiani na Bwejuu wana shida hiyo kwa namna nyingine. Kazi yao hufuata bamvu, siku za mwezi mpevu na mwezi mwandamo ambapo maji hutoka mbali na kuacha kamba na vigingi wazi. Programu ya kuwaambia maji yataanza kujaa lini ni kitu cha manufaa kweli, na mkono ndio mahali pake, kwa sababu simu imeachwa pwani. Lakini skrini za kugusa hutambua kidole kwa umeme mdogo wa mwili, na maji ya chumvi hupitisha umeme. Tone juu ya kioo linaweza kuonekana kama kidole, na kidole kilicholowa kisionekane kabisa. Kwa mkulima wa mwani, programu hiyo inahitaji mitetemo miwili inayotofautiana waziwazi, mmoja wa maji yanayotulia na mwingine wa maji yanayorudi, pamoja na tarakimu kubwa nyeupe juu ya rangi nyeusi zinazosomeka juani. Menyu hazihitajiki. Rangi nyeusi ina faida ya ziada: kwenye skrini za OLED, ambazo kila nukta hujiwashia mwanga wake, nukta nyeusi haitumii umeme.

Tarakimu zenyewe zina mtego. Programu nyingi hugeuzwa Kiswahili kwa mashine, na "7:00" ya asubuhi ikatoka "saa 7 asubuhi". Mzee wa Wete akiiona atajiuliza kama ni saa moja asubuhi au saa saba mchana, na boti haimngojei amalize kujiuliza. Kama maandishi ni ya Kiswahili, yafuate hesabu yetu ya saa moja mpaka kumi na mbili. Vivyo hivyo kuingia kwa mwezi wa Ramadhani: kalenda iliyohesabiwa na kompyuta isitangaze "kesho ni mfungo" wakati Ofisi ya Mufti haijatangaza mwandamo.

Na Ramadhani inanileta kwenye jambo ambalo naona ni zito kuliko yote. Programu nyingi za mkononi huendeshwa kwa mfululizo: siku kumi bila kukosa, siku ishirini, duara la lengo la siku limejaa, hongera. Sasa zimekuja za kuhesabu sala na funga. Mwanamke akiingia hedhini, hasali wala hafungi, na dini haimlaumu. Programu inamwandikia "Umekosa sala tano leo", inavunja mfululizo wake, na kwa kuwa duara liko kwenye uso wa saa, dada wa mume au mwanafunzi aliyekaa naye dawati moja anaweza kuliona na kujua. Kwa kosa la usanifu, siri ya mwili wa mtu imetundikwa kwenye mkono wake. Programu nyingine hujaribu kurekebisha kwa kuweka kitufe cha "hedhi" chenye rangi yake, na hapo siri inakuwa wazi zaidi.

Dawa ni kusitisha bila kuulizwa sababu. Mgonjwa, msafiri, mzazi aliyejifungua na mwenye hedhi wote wabonyeze kitufe hicho kimoja, na skrini ionekane sawa na siku nyingine yoyote. Hata kampuni kubwa zilichelewa kuliona hili. Apple Watch iliingia sokoni mwaka 2015, na ruhusa ya kusitisha duara za mazoezi bila kupoteza mfululizo ilikuja mwaka 2024. Miaka tisa mtu mwenye homa alihesabiwa kuwa mvivu. Anayetengeneza programu Zanzibar hana sababu ya kurudia safari hiyo. Mimi ningekwenda mbali zaidi: ibada isiwekewe mfululizo kabisa. Kikumbusho cha wakati wa sala kinatosha.

Udhu nao uangaliwe. Wengi huvua saa wanapotawadha, na saa nyingi zikivuliwa hujifunga zikasubiri namba ya siri. Hiyo ni mara tano kwa siku, na mapengo matano kwenye kumbukumbu za mapigo ya moyo. Programu isiyajaze mapengo hayo kwa kukisia, wala isimsute mwenyewe kwamba "hakuvaa saa vya kutosha".

Tufike kwenye kile saa inachokijua. Mapigo ya moyo hupimwa kwa taa za kijani zinazomulika ngozi. Damu hunyonya mwanga wa kijani, kwa hiyo mwanga unaorudi hupungua na kuongezeka kufuata kila pigo. Rangi nyeusi ya ngozi nayo hunyonya sehemu ya mwanga huo, na wino wa michoro ya kudumu unaweza kuuzuia. Anayejaribu programu yake hapa aijaribu kwa ngozi za watu wa hapa, na kwa bibi harusi mwenye piko mpaka kwenye kifundo.

Vihisi vya mwendo vinaweza kusoma zaidi ya hatua. Kuinama, kurukuu, kusujudu na kukaa kuna mpangilio ambao programu yenye subira inaweza kuutambua. Maana yake saa inaweza kuweka daftari la nani anasali na nani hasali, saa ngapi na mara ngapi. Msimamo wangu ni kwamba programu isiitafute habari hiyo hata kama inaweza, kwa sababu kilichoandikwa kinaweza kuombwa, kuibiwa au kuuzwa. Strava, programu ya kurekodi mazoezi, ilionyesha hatari hiyo pasipo kukusudia. Novemba 2017 ilichapisha ramani ya njia za wakimbiaji wake duniani bila majina, na Januari 2018 ikagundulika kuwa ramani ile ilionyesha kambi za kijeshi, kwa sababu jangwani waliokuwa wakikimbia na saa hizo ni wanajeshi. Jambiani haina kambi, lakini ni kijiji ambacho watu wanajuana. Mstari mmoja usio na jina, unaoanza nyumba fulani kila alfajiri na kurudi hapo, una jina tayari.

Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi iliyopitishwa na Bunge mwaka 2022, na kuanza kutumika Mei 2023, inazihesabu taarifa za afya kuwa taarifa nyeti. Ruhusa iombwe kwa Kiswahili kinachoeleweka, moja moja, pale jambo lenyewe linapohitajika. Kumrundikia mtu ruhusa sita siku ya kwanza ni kumfundisha kubonyeza "kubali" bila kusoma.

Lililobaki ni habari mbaya za mwili. Utafiti mkubwa uliofadhiliwa na Apple, uliochapishwa mwaka 2019, ulihusisha watu zaidi ya 419,000. Walioarifiwa kuwa mapigo yao hayana mpangilio walikuwa karibu nusu asilimia. Miongoni mwa walioarifiwa, wakavaa kipimo cha kifuani na kukirudisha, waliokutwa na hitilafu hiyo kwenye kipimo walikuwa asilimia 34. Hitilafu huja na kuondoka, kwa hiyo kutoonekana siku hizo si ushahidi kwamba haipo. Lakini saa haiwezi kuzungumza kama daktari aliyekwishapima. Mtu wa Micheweni akiamshwa usiku na neno "HATARI" jekundu, yuko mbali na hospitali kubwa, ameshtuka, na moyo sasa unakimbia kweli kwa hofu. Ujumbe uliotulia ungesema: "Mara kadhaa leo mapigo yako yalikosa mpangilio. Huenda si tatizo. Ukisikia maumivu ya kifua au kizunguzungu, nenda hospitali sasa. Ukiwa mzima, muone daktari wiki hii na umuonyeshe kumbukumbu hizi." Maneno hayo ni marefu kidogo kwa skrini ndogo, na hapa urefu una haki yake.

Programu za saa hujaribiwa kwa kumpa mtu saa na kumuuliza anavyoiona. Ningependa wasanifu wetu waongeze jaribio jengine. Waweke watu sita barazani, mmoja avae saa, wanywe kahawa na kuzungumza, na programu ifanye kazi zake zote, arifa, vikumbusho na ujumbe wa daktari. Kisha asiulizwe mvaaji. Waulizwe wale watano: mliona nini, mlisikia nini, mazungumzo yalikatika mara ngapi, na mmejua nini kuhusu mwenzenu ambacho yeye mwenyewe hakukuambieni? Kila kitakachotajwa katika swali la mwisho kiandikwe, na skrini iliyokisema irudishwe kwa msanifu.